Kitalu cha Mwalimu, njia ya Mikindani: nilifuata mhina

Mimi ni mpaka hina. Napaka Mikindani, napaka Mtwara mjini, mara nyingine naitwa hadi Lindi, mwaka wa kumi na tisa huu. Kwa hiyo ninapokisifu kitalu hiki, nakisifu kwa macho ya mtu ambaye riziki yake inatoka kwenye jani moja tu. Mengine yote niliyoyakuta pale yaliniingia moyoni baadaye.

Kilichonipeleka ni mkono wa bibi harusi. Desemba, korosho zikishalipwa, harusi huku kwetu hufuatana bila kupumua, na unga wangu ukaniishia Ijumaa jioni. Nikanunua pakiti ya dukani iliyoandikwa hina, imeahidi weusi wa nusu saa. Mhina wa kweli hautoi weusi wa nusu saa. Nililijua hilo, na nikapaka, maana biharusi alikuwa ameshakaa mkekani amenyoosha mikono. Asubuhi yake vidole vimevimba, na ua nililolichora kwa saa tatu limegeuka malengelenge. Mama yake hakunigombeza, alinitazama tu. Hina nyeusi za namna ile hutiwa dawa ya kutia nywele rangi, ile inayoitwa PPD, na ndiyo inayounguza ngozi. Nikaapa kwamba hina ya kupaka watu nitaikuza mwenyewe.

Januari, mvua zilipokamata vizuri, jirani yangu akanielekeza kwa Mwalimu. Kitalu chake kipo kando ya barabara ya lami itokayo Mtwara, kabla hujateremka kuingia Mikindani, penye mbuyu mnene. Kwa bajaji kutoka mjini ni safari fupi, maana Mikindani yenyewe iko kilomita kumi na kitu tu. Hakuna bango. Utaona viriba vyeusi vimepangwa chini ya kivuli cha makuti, kisima nyuma, na mzee mwenye miwani amekaa kwenye kiti cha plastiki. Alifundisha baiolojia sekondari hadi akastaafu. Wote wanamwita Mwalimu, nami nikamwita hivyo hivyo.

"Shikamoo Mwalimu."

"Marahaba, mwanangu. Unatafuta cha kula, cha kivuli au cha harufu?"

Nikamwambia natafuta cha mikono. Akacheka, akanipeleka safu ya nyuma karibu na kisima. Pale palikuwa na miche ya mhina arobaini hivi, imesimama sawasawa, majani madogo yanang'aa, na mbele ya safu kibao kilichokatwa kwenye dumu la njano la mafuta ya kula. Kimeandikwa kwa kalamu nzito: MHINA. Lawsonia inermis. Isaac Lawson, daktari, Uskoti.

Nikauliza huyu Lawson ni nani na mhina wetu unamhusu nini. Hapo ndipo nilipokijua kitalu hiki hasa, kwa sababu Mwalimu aliweka ndoo chini akanieleza. Mwaka 1735 kijana wa Kiswidi aitwaye Linnaeus, wa miaka 28, alifika Uholanzi na maandishi yake ya kupanga viumbe vyote vya dunia kwa mafungu. Fedha za kuyachapisha hakuwa nazo. Watu wawili waliyaona wakatoa pesa zao mfukoni: mtaalamu wa mimea Gronovius, na daktari Lawson. Linnaeus hakusahau. Gronovius alimheshimu yeye kwa kukipa kimea kidogo cha nchi za baridi jina la Linnaea, naye Linnaeus akampa Lawson huu mmea ninaoushika mimi kila wiki.

Nasema kweli, kwanza nilichukia. Bibi yangu alipaka hina, na bibi yake alipaka, na wanawake wa Misri ya kale walipaka, halafu jina anapewa mtu aliyelipia uchapaji? Mwalimu hakunibishia. Akasema jina la kisayansi lina kazi moja: mtu wa Mtwara, wa Sudani na wa India wakilitaja, wote wajue wanasema mmea uleule mmoja. Waliokuwa wakitoa majina wakati ule waliwapa watu waliowajua. Kisha akaniambia jambo ambalo mpaka leo nikichanganya hina huwa nalifikiri. Ile rangi yenyewe, chembe inayoshika kwenye ngozi na kucha, wataalamu wa kemia waliiita lausoni, kutokana na jina la mmea. Kwa hiyo kila biharusi ninayempaka anatoka na jina la yule daktari viganjani. Mimi ndiye ninayeliandika, miaka yote hiyo, bila kujua.

Akanieleza pia kwa nini sisi hutia ndimu: uchachu husaidia jani kuachia lausoni, ndiyo maana unga uliolala na ndimu usiku kucha hushika kuliko uliochanganywa sasa hivi. Hilo nilifundishwa na bibi bila sababu yake. Sasa nina sababu.

Inermis maana yake isiyo na silaha, yaani haina miiba. Mche ni kweli hauna. Lakini aliyewahi kuvuna mhina mkubwa anajua kwamba vitawi vya zamani hukauka ncha vikachoma kama sindano. Mwalimu alinionya niipande umbali wa hatua moja na nusu, nipitishe mwili katikati bila kuchanika, na niikate kila mwaka ili itoe matawi machanga.

Nilinunua miche kumi na mbili, shilingi 1,500 kila mmoja. Sasa ni Septemba. Kumi iko hai. Mmoja uliliwa na mchwa, mmoja na mbuzi wa jirani, na yote miwili si kosa la kitalu. Iliyobaki inanifika kiunoni. Agosti nilichuma kidogo kidogo kila mche, nikakausha kivulini, nikatwanga, nikachekecha kwa kitambaa chembamba. Nikampaka binti yangu kwanza. Usiku rangi ilikuwa ya embe bivu, kesho yake ikakolea, kesho kutwa ikawa nyekundu ya kahawia iliyoiva, na ngozi salama. Nilikaa nikamshika ule mkono kwa muda mrefu. Kwangu mimi kitalu kilikwisha kupata alama zake zote siku ile.

Lakini nimerudi pale mara tano, na si kwa mhina tu. Nirudi kwenye vibao, maana sijaona kwingine huku kusini. Kila safu ina kibao cha dumu chenye jina la Kiswahili juu, la kisayansi chini, na kama jina ni la mtu, basi mtu huyo ametajwa. Nenda na mtoto wa shule, mwache apite asome. Mpwa wangu wa darasa la sita alishika karibu vyote.

Mbuyu ulioko mlangoni ni Adansonia, kwa ajili ya Michel Adanson, Mfaransa aliyefika Senegali mwaka 1749 akakaa miaka zaidi ya minne akikusanya mimea. Mwalimu anampenda sana huyu, kwa sababu Adanson alitaka mimea ibaki na majina inayoitwa na wenyeji wake, wakati Linnaeus aliyaona majina ya namna hiyo hayafai kitabuni. Na bado ni Linnaeus aliyemvalisha mbuyu.

Mpingo ni Dalbergia melanoxylon. Dalberg walikuwa ndugu wawili wa Uswidi, Nils, daktari na mtaalamu wa mimea, na Carl Gustaf, aliyekuwa na ardhi Suriname akawa anatuma mimea kutoka huko. Neno la pili ni la Kigiriki, ubao mweusi. Wamakonde wanaochonga mpingo, na watu wa mbali wanaopuliza klarineti na zumari zilizochongwa kwa mti huu, wote wanashika mti wenye jina la ndugu wale ambao hawakukanyaga Newala wala Nachingwea. Mche wa mpingo ni shilingi 2,000. Mwalimu anakuambia mapema kwamba unampandia mjukuu, na asiyetaka kusubiri anampeleka safu ya mipapai.

Mkongo, ambao watu wa kaskazini mwa pwani huuita mbambakofi, ule wa milango, una mbegu nyeusi zenye kofia nyekundu ambazo watoto huzitunga shanga. Jina lake Afzelia quanzensis. Adam Afzelius alikuwa mwanafunzi wa Linnaeus aliyefanya kazi Siera Leone. Quanzensis ni mto Cuanza wa Angola. Jina moja, nchi tatu, na hakuna hata moja ambayo ni yetu.

Nikamuuliza Mwalimu desturi hii ya kuwapa watu mimea aliianza nani. Akanionyesha flanjipani, ile ya maua meupe yenye kiini cha njano, mnayoiona makaburini. Plumeria, kwa ajili ya Charles Plumier, mtawa wa Ufaransa aliyesafiri visiwa vya Karibi mwishoni mwa karne ya 17. Plumier ndiye aliyeizoesha desturi hiyo: akampa Leonhart Fuchs ua la Fuchsia, Pierre Magnol akampa Magnolia, de l'Obel akampa Lobelia. Naye mwenyewe akapewa flanjipani. Ya Fuchsia na Magnolia hatayaweza kukuotesha hapa, joto la Mtwara linayakataa, asikudanganye mtu.

Kibao ninachokipenda kuliko vyote ni cha Bauhinia. Ni mti wa maua, wa shilingi 3,000, na jani lake limepasuka katikati kama kwato ya mbuzi. Johann na Gaspard Bauhin walikuwa ndugu, wote wataalamu wa mimea, na jina lilichaguliwa kwa sababu ya jani hilo: pande mbili sawa, shina moja. Nilisimama pale nikalichora kwenye kiganja changu kwa kalamu. Julai niliitwa Chikongola kupaka mabiharusi wawili wa nyumba moja, dada na mdogo wake, nikawachorea kila mmoja upande mmoja wa jani, wakikaa bega kwa bega mkono kwa mkono jani linatimia. Hakuna aliyeelewa mpaka nilipoeleza, na mama yao akalia.

Si kila kibao kilikuwa sahihi. Cha bogenvilia kiliandikwa Bougainville, mtaalamu wa mimea. Binti yangu, anayesoma chuo, akatafuta akaniambia, mama, huyo alikuwa baharia, kamanda wa merikebu. Mtaalamu wa mimea katika msafara ule wa kuzunguka dunia ulioanza mwaka 1766 alikuwa Philibert Commerson, na msaidizi wake alikuwa Jeanne Baret, mwanamke aliyejifunga kifua akavaa nguo za kiume ili aruhusiwe kupanda chombo. Yeye ndiye mwanamke wa kwanza ajulikanaye kuizunguka dunia. Alibeba mizigo, alichuma mimea, na jina la mmea lililodumu hakupata mpaka mwaka 2012, ulipotajwa Solanum baretiae, mmea wa jamii ya nyanya na ngogwe, huko Amerika Kusini. Nilimpelekea Mwalimu habari hiyo kwa uoga kidogo, maana ni mkubwa wangu na ni mwalimu. Akavua miwani, akasema, "Lete kalamu." Akafuta, akaandika upya mbele yangu, na jina la Jeanne Baret akaliweka kwenye kibao cha bogenvilia. Muuzaji anayesahihishwa hivyo bila kununa ni wa kushikwa kwa mikono miwili.

Sasa nifike kwenye kilua, kwa sababu wanawake wenzangu ndicho watakachotaka kujua. Ndiyo, anacho. Mara chache, na kinaisha upesi. Kilua cha kikuba, kile cha kuchanganya na asumini na mrehani. Kibao chake kimeandikwa Mkilua fragrans, nami nikadhani Mwalimu kakosea, kaandika Kiswahili mahali pa jina la kisayansi. Hakukosea. Mwaka 1970 mtaalamu wa mimea Bernard Verdcourt alipoona mti huu unastahili jenasi yake peke yake, yaani fungu lenye jina lake la kwanza, hakumpa mtu. Alichukua neno mkilua kama tulivyolitamka sisi, akalitia. Fragrans ni kunukia. Mti wa kikuba unaitwa mkilua London, mkilua Berlin, mkilua Mikindani. Nililisoma lile neno nikahisi bibi yangu ametajwa.

Na pembeni ya kilua, kibao kisicho na mche. Mwasumbia alba. Nikauliza mbona kiriba hakuna. Mwalimu akasema huo mti hana na hauzi, ni wa msituni, adimu, lakini kibao lazima kikae hapo, kwa sababu ni ndugu wa kilua na wa mstafeli, jamii moja. Umetajwa mwaka 2009 kutoka misitu ya pwani yetu hii ya Tanzania, na jina ni la Leonard Mwasumbi, mtaalamu wa mimea wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Mtanzania. Jenasi nzima, si jina la pili tu. Alilisema kwa sauti ile ya darasani, na wateja wawili waliokuja kununua mipera wakageuka kusikiliza.

Kuna mti mmoja ambao nilitamani awe nao, wala hana wa kulaumiwa. Ni wa jamii ya mwamba ngoma, maua mekundu, shina la miiba mikali: Erythrina schliebenii. Mjerumani Schlieben aliukusanya wilaya ya Lindi, upande wa ziwa Lutamba, miaka ya 1930. Mwaka 1998 uliwekwa kwenye orodha ya miti iliyotoweka duniani. Baadaye ukaonekana tena, msitu ule ukafyekwa, ukadhaniwa umekwisha kabisa, mpaka watafiti wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam walipoupata tena mwaka 2011, miti mikubwa isiyofika hamsini. Mti wa kwetu, jina la mpita njia. Mwalimu ana picha yake aliyoikata gazetini, kaibandika kwenye nguzo ya kibanda. Hana mbegu, na anasema hata angeletewa na mtu wa mitaani asingezipokea, atauliza zimetoka wapi. Nimeheshimu hilo.

Kasoro zipo, nazisema. Vibao vinafifia, kalamu ile haivumilii jua la Oktoba, na safu ya mwisho tayari majina hayasomeki. Mvua ikinyesha njia ya kuingilia ni tope, vaa kandambili. Mwezi wa pili nilinunua asumini aliyoniambia ni ya ua la tabaka nyingi, ikatoa la tabaka moja, nikarudi na ua mkononi. Akanipa mche mwingine bila maneno, lakini nauli ya kwenda na kurudi ilikuwa yangu. Pesa anapokea taslimu au kwa simu, ila mtandao pale chini ya mbuyu unasumbua, kwa hiyo beba noti ndogo. Mwenye haraka pia ajue kwamba Mwalimu hauzi mche bila kukuuliza udongo wako ni mchanga au mwekundu, maji unatoa wapi, mbuzi wapo au hawapo. Mimi nilipenda. Niliyeongozana naye mara ya tatu alikuwa anatazama saa.

Miche yenyewe ni mizima. Viriba havijapasuka, mizizi haijajizungusha chini, udongo una samadi iliyooza vizuri, na haiachi ikae juani kabla hujaondoka. Nikilinganisha na niliyowahi kununua sokoni, iliyong'olewa asubuhi na kuchomekwa kwenye mfuko wa mchanga ili ionekane imeota, hakuna ulinganisho.

Nampa nyota nne na nusu. Nusu niliyoizuia ni ya vibao. Nimempelekea kopo la rangi nyeusi ya mafuta na brashi yangu ndogo ya hina iliyochoka, na tumekubaliana Jumamosi mbili kabla ya mvua nikae pale niandike majina yote upya, kwa mwandiko mzuri, kuanzia Lawsonia. Nimelipa arubuni ya kilua, shilingi 3,000 kati ya 8,000, na mche nitauchukua Januari.

Mkienda, nendeni asubuhi kabla ya saa tatu au jioni baada ya alasiri. Ijumaa hafungui. Mhina ni safu ya nyuma, karibu na kisima.